Deni la benki: Ukijificha uvunguni, riba inakukuta huko huko

UKITAKA kujua nani anadaiwa na benki pale Mikumi, usiende kuuliza benki, watakufukuza. Wewe ingia kwenye mgahawa wowote wa barabarani, pale yanaposimama mabasi ya Iringa na Mbeya, agiza chai na chapati mbili, halafu tazama ni nani kakaa akiangalia mlango. Yule ambaye jicho moja liko kwenye supu na la pili liko barabarani, anayeacha kutafuna kila inapopita Land Cruiser nyeupe, huyo ana marejesho yamelala.

Mimi wangu nilimkuta kakaa hivyo hivyo. Ni baba yangu mdogo, na nilikuwa nimetumwa na ukoo kutoka Dar kwenda kumtafuta, maana simu yake ilikuwa haipatikani miezi na miezi. Nilipomshika bega kwa nyuma aliruka nusu ya supu ikammwagikia.

"Shikamoo baba mdogo," nikamwambia.

"Marahaba mwanangu. Uko peke yako?"

Hilo ndilo swali lake la kwanza. Hakuuliza habari za Dar, wala kama mama hajambo. Anataka kujua kama nimefuatana na mtu.

Wasomaji wangu, kabla hamjamcheka, mjue kwamba huyu si mlevi wala mhuni. Ni mtu wa kazi tangu ujana wake. Alikopa shilingi milioni 20 kwenye benki moja (jina naliacha, maana mambo yenyewe yalishafika mahakamani) ili anunue Fuso mtumba. Mkopo wa miezi 24, riba asilimia 18 kwa mwaka, marejesho karibu milioni moja kila mwezi. Dhamana ilikuwa kadi ya gari lenyewe, na juu yake mdhamini mmoja, rafiki yake wa siku nyingi, mwalimu wa shule upande wa Kilosa.

Hesabu ilikuwa nzuri. Kilosa ni ghala. Mahindi, mpunga, mbaazi, ufuta, vyote vinatoka huko kwenda kulisha Dar. Fuso likipiga safari nne kwa mwezi marejesho yanatoka na kinabaki cha kula kuku. Miezi tisa ya kwanza mzee alilipa bila kuchelewa hata siku moja. Akanunua makochi. Akaanza kuitwa bosi pale stendi, na mwenyewe anakiri kwamba jina lilimkaa vizuri.

Usiku na tembo

Halafu injini ikanoki.

Kama kuna mahali pa injini kunoki, basi pasiwe pale iliponoki ya kwake. Mnaosafiri kwenda Mbeya mnaijua ile barabara kuu inayokata katikati ya Hifadhi ya Taifa ya Mikumi, kilomita 50 za mbuga tupu, matuta na vibao vya kukukumbusha kwamba ukigonga mnyama unalipa. Mzee alikuwa anatoka Kilosa kwa njia ya Mikumi na tani zake za mahindi, saa tatu usiku, gari likazima katikati ya hifadhi. Yeye na tingo wake wakalala ndani ya kabini, vioo vimepandishwa. Anasema tembo walikuja wakawa wananusa mahindi, na tingo akawa anasali kwa dini zote mbili. Hiyo hadithi anaisimulia vizuri mno, nusu ya Mikumi wanaijua. Kipande kinachofuata hakisimulii.

Kinachofuata ni kwamba fedha yote ya akiba iliishia kwa mafundi Morogoro, na injini haikupona. Mwezi wa kwanza hakulipa. Afisa mikopo akapiga simu, akajibiwa vizuri, akaahidiwa. Mwezi wa pili hakulipa, simu ikapokelewa na mama mdogo, akaambiwa aseme mzee yuko shamba. Mwezi wa tatu mzee akabadilisha laini. Kuanzia hapo kaingia mitini.

Barua zilikuja. Nilizikuta mwenyewe kwenye kabati la vyombo, chini ya sahani za wageni, tatu, zote hazijafunguliwa. Mama mdogo alisema alidhani ni za kanisani.

Sasa sikilizeni hesabu, maana hapa ndipo penye habari. Siku alipoacha kulipa, baada ya miezi tisa, deni lililobaki lilikuwa kama milioni 13.3. Siku benki ilipofungua kesi, miezi 14 baadaye, ilikuwa inadai milioni 17.8, riba na adhabu ya kuchelewa ndani yake. Tofauti yake ni milioni 4.5. Gawa kwa 14. Mzee wangu alikuwa analipa shilingi laki tatu na ushee kila mwezi kwa ajili ya kujificha, na hata kujificha kwenyewe hakujificha vizuri, maana mimi nilimpata kwa siku moja kwa kuuliza wauza nyanya.

Njia mbili za benki

Vijana wengi wa mjini tunadhani benki ikitaka chake lazima iende mahakamani. Si kweli, na kutojua hili kumewaliza watu.

Kama umeweka rehani nyumba au kiwanja chenye hati, na rehani ikasajiliwa, benki haina haja ya hakimu. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999, pamoja na marekebisho ya mwaka 2004 na ile sheria ya mikopo ya nyumba ya mwaka 2008, inaipa benki mamlaka ya kuuza yenyewe. Inachotakiwa ni kukupa notisi ya maandishi kwamba umeshindwa kulipa, na kusubiri siku 60. Zikiisha siku 60 hujalipa wala hujasema kitu, deni lote linadaiwa kwa mkupuo na dalali anaitwa. Dalali naye hawezi kuuza ardhi kesho yake, lazima atangaze na kuacha zipite siku 14. Na hapa kuna kitu kilinifurahisha: sheria yetu ya madalali ni ya tangu enzi za Mwingereza, na inataka tangazo la mnada lisiwe la karatasi peke yake, litolewe hata kwa kupiga ngoma au njia nyingine anayoielewa mtu asiyesoma. Kwa hiyo lile gari lenye spika linalopita mtaani likitaja jina lako na nyumba yako, mbele ya wakwe zako, ndiyo ngoma yenyewe ya kisasa.

Bei nayo ina ulinzi wake. Mwenye kuuza anatakiwa atafute bei nzuri inayopatikana. Nyumba ikienda kwa bei iliyo chini kwa asilimia 25 au zaidi kuliko wastani wa bei za nyumba kama hiyo, sheria inachukulia kwamba wajibu huo umevunjwa, mpaka benki ioneshe vinginevyo, na mwenye nyumba anaweza kwenda mahakamani kulalamika. Na nyumba ya ndoa haiwekwi rehani kwa saini ya mume peke yake. Mke asiposaini, au mume asiposaini kama nyumba ni ya mke, rehani hiyo ina kilema. Akina dada, mkiletewa karatasi ya kusaini usiku huku mnaambiwa ni mambo ya kawaida tu ya ofisini, washeni taa msome.

Njia ya pili ni ya wale wa aina ya baba mdogo, ambao hawana hati ya nyumba benki. Wameweka gari, au mali za dukani, au jina la mdhamini. Hapo mara nyingi benki inafungua kesi ya madai, inapata hukumu, halafu inarudi mahakamani kuomba kukaza hukumu, yaani kukamata mali na kuuza, au kuzuia fedha zako zilizo kwenye akaunti nyingine. Njia hii ni ndefu na ina vituo vingi, na katika kila kituo mdaiwa anaruhusiwa kusema. Samansi ikikufikia una siku 21 za kuwasilisha utetezi wako kwa maandishi. Ukikaa kimya kesi inasikilizwa upande mmoja.

Ukijificha samansi isikufikie, mahakama inaweza kuamuru ibandikwe mlangoni kwako au itangazwe gazetini, na ikishabandikwa sheria inahesabu kwamba umeiona. Kwa mzee wetu ilibandikwa. Watoto wa jirani waliisoma kwa sauti.

Wakubwa walikopaje

Nitoke kidogo njiani, maana pale Mikumi nilisikia vijana wawili wakibishana, mmoja anasema deni la benki ni la serikali, halilipwi. Hiyo kauli ina historia yake. Wewe uliyezaliwa juzi huwezi kukumbuka, lakini baada ya Azimio la Arusha, Februari 1967, mabenki yalitaifishwa na likabaki lile lililoitwa Benki ya Taifa ya Biashara, NBC, kuwa ndilo baba na mama. NBC ilikopesha mashirika ya umma na vyama vya ushirika, yakapata hasara, ikayakopesha tena. Kufikia mwisho wa miaka ya 1980 vitabu vyake vilikuwa vimejaa madeni yasiyolipika. Tume ya Nyirabu iliundwa mwaka 1988 kuangalia mfumo mzima, na mwaka 1991 ikaja sheria mpya ya mabenki, pamoja na chombo kilichoitwa LART, cha kuyabeba yale madeni mabovu na kuyakusanya. LART ilipewa hadi mahakama yake maalumu kwa kazi hiyo.

NBC yenyewe ikagawanywa mwaka 1997, ikazaa NBC mpya, NMB na shirika la kushika mali zilizobaki. CRDB ilikuwa imebinafsishwa mwaka 1996. NBC ikanunuliwa na ABSA ya Afrika Kusini mwaka 2000, na mwaka 2005 asilimia 49 ya NMB ikaenda kwa kundi lililoongozwa na Rabobank ya Uholanzi. Tangu hapo deni la benki lina mwenyewe, na mwenyewe ana wanahisa. Hata hivyo mwaka 2017 mikopo chechefu, kama wanavyoiita wenyewe, ilivuka asilimia 10 ya mikopo yote nchini, wakati Benki Kuu inataka isizidi asilimia 5. Benki zikakaza. Miaka iliyofuata uwiano ukashuka mpaka chini ya hiyo 5. Mdaiwa wa leo anakutana na benki iliyokwisha kung'atwa.

Na Kilosa kuna kichekesho kingine. Ukitoka Kimamba kwenda Rudewa unapita mashamba makubwa ya mkonge, mengine yamegeuka pori. Viongozi wa serikali wamelalamika hadharani mara nyingi kwamba wapo waliochukua mashamba kama hayo, wakaweka hati benki, wakakopa mapesa, na wala hawakulima. Baadhi ya hati zimefutwa. Mwenye ekari elfu anaandikiwa barua, analeta wakili, kesi inakwenda miaka. Mwenye Fuso moja anabadilisha laini ya simu. Mimi naona anayejificha ni yule yule ambaye sheria ingemsaidia angesimama akaonekana. Mkubwa hajifichi hata kidogo, yeye anaomba tarehe nyingine.

Mwalimu

Turudi kwa mzee. Kilichomtoa mafichoni si mimi wala samansi. Ni mwalimu.

Kwenye hati ya madai mdaiwa wa kwanza ni baba mdogo, mdaiwa wa pili ni mwalimu. Watu wanaweka saini ya udhamini kama wanasaini kadi ya mchango wa harusi. Sheria yetu ya mikataba inasema wajibu wa mdhamini uko sawasawa na wa mkopaji mwenyewe, labda mkataba useme vingine. Maana yake benki haina lazima ya kuanza na mwenye Fuso. Inaweza kumfuata mwalimu kwanza, ambaye ana mshahara unaojulikana, ana kiwanja, na hajabadilisha laini. Akilipa, ndipo yeye amgeukie mkopaji amdai. Yaani unageuka benki ya rafiki yako, bila jengo.

Mwalimu alipopata samansi yake hakupiga kelele. Alimpigia simu mama mdogo akasema maneno machache tu: "Shemeji, mwambie mimi bado nasomesha." Ana watoto wawili sekondari na mmoja chuo. Mama mdogo alipomfikishia mzee ujumbe huo, mzee alinyamaza, akatoka nje, akakaa kwenye tairi la Fuso mpaka giza likaingia. Asubuhi aliniambia niende naye Kilosa.

Tulipita njia ya Ulaya. Msishtuke, ni Ulaya ya wilaya ya Kilosa, ya akina sisi, siyo ile ya Paris, na haitaki viza, inataka mgongo imara. Njiani mzee alikuwa ananiuliza maswali ya kijiweni. Eti watachukua nyumba? Eti watanifunga? Nami nikawa namjibu nilivyosoma, kwa sauti ya juu ili nishinde injini ya Noah.

Nyumba kwanza. Nyumba yake hakuiweka rehani. Sheria ya mwenendo wa kesi za madai inataja vitu visivyokamatwa wakati wa kukaza hukumu, na mojawapo ni nyumba anayoishi mdaiwa na mkewe na watoto wanaomtegemea. Vingine ni nguo za kuvaa, vyombo vya kupikia, matandiko na zana za fundi za kufanyia kazi. Makochi hayamo, nilimwambia, na akacheka kwa mara ya kwanza siku hiyo. Lakini msije mkaelewa vibaya: aliyeiweka nyumba rehani kwa hiari yake asitegemee kinga hii, huyo yuko kwenye ile njia ya kwanza.

Kufungwa sasa. Kifungo cha madai kipo, tena anayeomba ufungwe ndiye anayelipia posho yako ya chakula gerezani. Hakizidi miezi sita. Na ukitoka deni bado lipo, halijafutika hata senti. Lakini hakimu hamfungi mtu kwa kuwa ni kapuku. Mdaiwa anapewa nafasi ya kueleza kwa nini asifungwe, na akionesha kwamba hana kweli kweli, kwa sababu za msingi, anaweza kuachiwa. Anayetafutwa ni yule mwenye nacho anayekificha, au anayehamisha mali kwa jina la shemeji, au anayetaka kutoroka. Ndiyo maana kubadilisha laini na kulala kwa rafiki ni ushahidi mbaya. Unajitengenezea mwenyewe picha ya mtu wa aina hiyo.

Akauliza je, deni likikaa sana halifi? Ndiyo yale ya kijiweni tena. Madai ya mkataba yana ukomo wa miaka sita kabla ya kufungua kesi. Ila hukumu ikishatoka, mwenye hukumu ana miaka 12 ya kuikaza. Miaka 12, baba mdogo. Mtoto wako wa darasa la kwanza atakuwa amemaliza kidato cha tano bado unakaa ukitazama mlango.

Kilosa, siku ya kutajwa

Kilosa ni mji wa zamani, wa reli. Reli ya Mjerumani ilifika pale kabla ya Vita Kuu ya Kwanza, na mto Mkondoa umeshaufanyia mji huo visa, mkubwa ukiwa ule wa mafuriko ya mwishoni mwa 2009 na Januari 2010, yaliyong'oa watu majumbani na reli yenyewe. Siku hizi treni ya umeme iliyoanza mwaka 2024 inasimama pale, na ukishuka unakuta miembe ile ile.

Mahakama ya wilaya asubuhi ina watu wa kila namna. Wapo wa mashamba, wa ng'ombe walioingia mpunga, wa talaka. Wa benki unawajua: wameshika bahasha ya kaki kwa mikono miwili, hawaongei na mtu. Nilihesabu watatu mbali na wetu.

Mwalimu alikuwa ameshafika, kavaa shati jeupe la kupigwa pasi. Hao wawili hawakuwa wameonana zaidi ya mwaka. Mzee alimsalimia kwa kuinama kidogo, mtu na rafiki yake wa rika moja. Mwalimu akasema tu, "Umekonda." Wakakaa benchi moja, nafasi ya mtu wa tatu katikati yao. Mimi nikaona haya kukaa hapo, nikasimama.

Kitu ambacho wengi hatukijui ni kwamba tangu mwaka 1994 kesi za madai katika mahakama hizi kwanza hupelekwa kwenye usuluhishi kabla ya kusikilizwa. Unakaa mezani na mdai wako mbele ya msuluhishi, mlango umefungwa, na mtakayosema humo hayatumiki dhidi yenu baadaye kesi ikiendelea. Kwa hiyo sikuingia. Nilikaa nje na mfuko wa ndizi, saa moja na nusu. Niliyoyapata ni ya mzee mwenyewe, na matokeo yake yameandikwa kwenye hati ya makubaliano niliyoisoma.

Alieleza habari ya injini. Akatoa risiti za mafundi, ambazo mama mdogo alikuwa amezitunza vizuri kuliko zile barua za benki. Mwanasheria wa benki akasema kama mteja angeleta risiti hizo mwezi ule ule wa kwanza, wangeweza kukaa wakapanga upya mkopo, marejesho yakapunguzwa na muda ukaongezwa. Hilo lilimuuma kuliko lote. Alilirudia njia nzima tukirudi.

Walikubaliana hivi. Benki ikaacha ile adhabu ya kuchelewa, deni likasimama kwenye milioni 16.4. Fuso, ambalo lilikuwa limeegeshwa likiota nyasi, likauzwa kwa idhini ya benki, maana kadi iko kwao, na mnunuzi fundi wa Morogoro alitoa milioni 6. Zikabaki milioni 10.4, zilipwe kwa miezi 16, shilingi 650,000 kila mwezi. Akikosa mwezi mmoja, zote zilizobaki zinadaiwa siku hiyo, na benki inakwenda moja kwa moja kukaza, bila kesi mpya, kwa wote wawili. Hakimu akaisajili ikawa amri ya mahakama.

Laki sita na nusu kwa mtu asiye na gari, anaitoa wapi? Mama mdogo ana banda la kuku na chakula anachouza pale stendi. Mzee sasa anaendesha Fuso la mtu mwingine kwa mshahara, njia ile ile. Makochi yameuzwa. Kwa miezi 16 hawatanunua hata kitenge.

Hata asingekubaliana angekuwa na pa kushika. Hukumu ikishatolewa, mdaiwa anaweza kuomba mahakama imruhusu kulipa kwa mafungu, mdai naye anasikilizwa. Na riba ya baada ya hukumu si ile ya benki tena. Kwa kawaida ni asilimia 7 kwa mwaka juu ya kiasi kilichohukumiwa, na hata pande zikiwa zimekubaliana kwa maandishi haitakiwi kuvuka 12. Linganisha na 18 pamoja na adhabu. Mtu anakimbia hukumu miezi 14 kwa riba ya 18, wakati hukumu yenyewe ndiyo ingepunguza mwendo wa deni. Nilipomwambia mzee hesabu hiyo kwenye Noah alinitazama kana kwamba nimemtukana.

Kwa ninyi mnaokopa

Nimeulizwa na washkaji hapa kijiweni kwetu Dar, na majibu ni mafupi. Mambo yakiharibika nenda benki mwenyewe kabla hawajaja, na uende na karatasi: risiti, picha ya gari, barua ya hospitali. Maneno matupu afisa mikopo ameshayasikia kwa wateja wote. Kila unachoahidi omba kiandikwe. Kila unacholipa weka stakabadhi, maana siku ya mahakamani asiye na karatasi ni mpiga hadithi. Usisubiri dalali ndipo ukimbilie kwa wakili kuomba zuio, wakili wa siku ya mnada bei yake ni ya siku ya mnada. Ukimaliza, dai barua ya kumaliza deni, dai kadi au hati yako, na kama kuna rehani iliyosajiliwa hakikisha imeondolewa kwenye daftari la msajili. Siku hizi kuna taasisi zinazotunza taarifa za wakopaji wa benki zote. Deni ulilolipa lakini halikufutwa huko litakusubiri siku utakapotaka mkopo mwingine, uko na bi harusi pembeni.

Na ukiombwa udhamini, uliza kiasi, uliza muda, halafu jiulize kama unaweza kulilipa deni hilo wewe mwenyewe, peke yako. Kama jibu ni hapana, mpe rafiki yako nauli, mnunulie na soda.

Mpaka naandika haya mafungu manne yameshalipwa, yamebaki 12. Kila mwisho wa mwezi mzee akitoka benki anapiga picha risiti, anamtumia mwalimu kwa simu. Mwalimu hajibu kwa maneno, anaweka alama ya vema tu, kama anasahihisha daftari. Mwezi uliopita risiti ilichelewa siku mbili kwa sababu Fuso la tajiri lilikuwa limekwama Dar. Mwalimu alipanda gari asubuhi akaenda Mikumi mwenyewe, akamkuta mzee mgahawani anakunywa supu, kaupa mlango mgongo.

"Risiti iko wapi?"

"Kaa kwanza unywe supu, Mwalimu."

"Risiti kwanza."

Ilikuwa mfukoni mwa shati. Mwalimu akaisoma mbele na nyuma, akaikunja, akaondoka nayo.